Nani Anamsemea Mungu Kortini?

Kesi za ukarabati wa hekalu huanza na vitu vidogo: mabati, vigae, ukuta wa zamani. Kundi moja linasema jengo limechakaa, lijengwe upya. Lingine linasema hapa ndipo babu zetu waliomba, msiguse. Wakifika mbele ya jaji, kila upande unadai unamtetea Mungu. Mungu mwenyewe hajaulizwa.

Au aliwahi kuulizwa. Mwaka 1925, kesi ya familia moja ya Wahindu wa Calcutta ilifika London, kwa majaji wa mwisho wa himaya ya Waingereza. Ndugu waligombania sanamu ya mungu wao: je, mmoja akifikiwa na zamu ya ibada, anaweza kuihamishia kwake? Majaji wakasema sanamu ni mtu mbele ya sheria, ina matakwa yake, na isemewe na mtu asiye na maslahi katika ugomvi ule. Mwaka 2019, katika kesi ya Ayodhya, mungu Rama alikuwa mlalamishi, na Mahakama ya Juu ya India ikampa ushindi.

Cheka ukitaka, lakini hapo kuna hekima. Tena dini yenyewe haikatai ukarabati. Kwenye mahekalu mengi ya kusini mwa India, kabla ya fundi kuanza kazi, nguvu ya mungu huhamishiwa kwenye chungu cha maji, kisha hurudishwa kwa ibada kubwa jengo likikamilika. Basi swali si kubomoa au kutobomoa. Swali ni nani ameulizwa.

Tuje nyumbani. Makindu, kaunti ya Makueni, kuna hekalu la Masikh (si Wahindu, usichanganye) lililoanzishwa 1926 na wafanyakazi wa reli. Msafiri yeyote wa barabara ya Mombasa anakula bure, haulizwi dini wala kabila. Sasa chukulia mfano tu: mahali kama hapo pakizuka kesi ya ukuta, huyo msafiri atasemewa na nani? Si mwanachama. Hana kura. Na bado hekalu ni lake pia, kwa sababu limemlisha.

Wakamba wa Kitui na Makueni walilijua hili. Walikuwa na ithembo, mahali pa kutambikia na kuomba mvua, mara nyingi chini ya mti mkubwa usiokatwa. Hakukuwa na hati miliki. Wazee walipasimamia kwa niaba ya walio hai na waliotangulia.

Utaniambia, bana, mtu asiye na maslahi hayupo. Pengine. Lakini yupo asiyepata tenda, asiyewania uenyekiti, ambaye jina lake halitachongwa kwenye jiwe la msingi. Mwenye pesa za saruji asikizwe, sawa, ila asiwe sauti ya pekee. Huyu mwingine apewe kiti mapema, kabla nyundo haijainuliwa. Tukingoja korti imteue, mara nyingi ukuta utakuwa umeshaanguka, na waumini hawasalimiani tena.