Mkate Uliofichwa Kabatini

Mwaka 1999 Ruby Bridges, Mmarekani Mweusi, alitoa kitabu cha watoto, Through My Eyes, kuhusu mwaka wake wa darasa la kwanza mjini New Orleans. Tarehe 14 Novemba 1960, akiwa na umri wa miaka 6, alisindikizwa na maofisa wa serikali kuu hadi shule iliyokuwa ya Wazungu watupu. Umati ulijaa nje ukizomea. Yeye alidhani ni sherehe za Mardi Gras. Wazazi wengi Wazungu wakawaondoa watoto wao, na mwalimu Barbara Henry akamfundisha Ruby peke yake darasani.

Hayo hata vitabu vya historia vinayo. Kinachonigusa mimi ni mkate. Ruby alichoka kula bila wenzake, akawa anaficha sandwichi zake kabatini na maziwa anayamimina kwenye chombo cha gundi. Panya ndio waliomfichua. Mtu mzima mwingine angeliandika mambo ya sheria na mahakama, hili akaliruka. Lakini mtoto msomaji analielewa papo hapo, kwa sababu upweke wa saa ya chakula anaujua.

Waandishi wetu, nawaomba: waandikieni watoto vitabu vya kweli kuhusu shule zao, paredi ya asubuhi, zamu ya kufagia, mwanafunzi mgeni asiye na wa kukaa naye. Nanyi wazazi, jioni ya leo, kabla ya kumuuliza mtoto kapata ngapi, muulizeni kwanza amekula na nani.