Usiku Nao Ni Wako

Hebu hesabu saa unazoiona bustani yako. Hapa Dar es Salaam jua huzama kati ya saa kumi na mbili na saa moja jioni, mwaka mzima. Wewe umetoka alfajiri, unarudi kumeshaingia giza. Maji unalipia, wa kupalilia unamlipa, asumini inafungua maua jioni hiyohiyo na kumwaga harufu uani, nawe umejifungia sebuleni. Toka nje!

Utaniambia taa ipo. Naijua: ile ya wati 50 juu ya geti, inayompiga mgeni machoni kabla hajabisha hodi. Hata ulinzi haitupi sawasawa, maana jicho lililopigwa na mwanga mkali halioni kilicho kivulini, na kando ya mwanga ule kivuli ni kizito. Tena inakula umeme. Ikiwaka kwa saa 12 kila usiku, kwa mwezi imemaliza uniti 18 za LUKU. Taa nne za LED za wati 5, zikiwaka kwa saa tano kila usiku, zinatumia uniti 3 tu.

Leo fanya hivi. Zima taa zote za nje, chukua tochi, nenda kwenye mwembe. Ilaze chini, kama nusu mita kutoka kwenye shina, uielekeze juu. Tazama gome linavyoamka: kila mpasuko una kivuli chake, siafu wanapanda kwenye mstari wao, na majani ya chini yamekuwa dari. Miaka yote umeegesha gari chini ya mti huu bila kuuona! Sogeza tochi hatua moja pembeni, na mti unabadilika sura. Hapo umeshaanza kazi ya usanifu, na hujatoa hata shilingi.

Ukipata mahali panapokupendeza, ndipo uende dukani. Soma boksi: Kelvini 2700 hadi 3000, rangi ya kandili. Ya 6500 ina weupe wa duka la dawa na huwavuta wadudu zaidi. Alama ya IP65 itakuvusha masika. Njiani na kwenye ngazi weka taa fupi za usawa wa goti, zimulike chini. Balbu ifiche nyuma ya jiwe au chungu, jicho lione mti tu. Na pembe nyingine ziache gizani kwa makusudi. Mti mmoja ulioangazwa unapendeza kwa sababu jirani yake amelala.

Kwenye waya, nakusihi, usibahatishe. Nimewahi kuona kiungo kilichofungwa kwa utepe tu, kimelala kwenye tope, na watoto wanacheza pekupeku hatua mbili pembeni. Mwite fundi umeme, akufungie transfoma ya kushusha umeme hadi volti 12, waya zipite ndani ya bomba ardhini. Kama mfuko hauruhusu, nunua sola. Paneli yake iwekwe juani, isiwe chini ya mwembe uleule, na vumbi lifutwe kila wiki.

Anza na mti mmoja. Mkeka unao, kahawa unayo, watoto wanangoja kisingizio tu cha kukaa nje. Adhana ya magharibi bado kidogo. Tafuta betri za tochi.