Kumwonyesha Mtu Jinsi Alivyo

Hapa kwetu Ulaya (hii ya Kilosa, si ile ya ng'ambo) vijana wa kwaya wametuletea neno. Wanataka kutengeneza filamu kwa simu zao juu ya maisha ya mzee aliyetutungia nyimbo nyingi. Sote twazijua nyimbo zake, na twaijua pombe yake. Wakauliza: pombe tuionyeshe, au tuifiche?

Tulilizungumza jioni mbili, tusipatane. Wengine walimtaja Shaaban Robert, aliyeandika wasifu wa Siti binti Saad, yule mwimbaji wa Unguja aliyeuza vyungu kabla ya kwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi santuri. Kitabu kile ni cha heshima. Chamwinua Siti mbele ya waliomdharau. Wengine wakamtaja Andy Jones, aliyetoa filamu ya Bi Kidude mwaka 2006. Bibi yule alivuta sigara na kunywa bila kujificha, na kamera ikamtazama tu.

Kwanza tulimkumbuka Nuhu. Hamu aliuona uchi wa babaye akatoka kuwaambia nduguze. Shemu na Yafethi wakaenda kinyumenyume na nguo, wakamfunika. Tukadhani shauri limekwisha. Lakini Daudi naye alikuwa mtunzi, na Biblia haikumfunika. Habari ya Bathsheba imeandikwa yote, na juu ya Zaburi ya 51 limewekwa neno linaloitaja, ili kila aimbaye ajue zaburi ile ilitoka katika shimo gani. Dhambi ile ikifichwa, zaburi yenyewe haieleweki.

Tofauti, twaona, ni hii: Hamu alitoka nje kuwaambia wengine, bali Nathani alikwenda kwanza kwa Daudi mwenyewe. Bi Kidude naye aliiona kamera, wala hakuzima sigara. Ilikuwa yake kuionyesha. Ila mwaka 2012, alipokuwa mgonjwa na amezeeka sana, zilienea habari kwamba ametekwa. Jones akarudi Zanzibar na kamera yake kutafuta ukweli, na baadaye ikatoka filamu ya pili. Hapo twasita. Mgonjwa aweza kukubali kwa sababu tu hana nguvu za kukataa. Lakini pia, mtu asiye na msemaji aweza kuhitaji shahidi. Bi Kidude alifariki tarehe 17 Aprili 2013, na swali hilo hatuwezi tena kumwuliza.

Mzee wetu yu hai, na kwake ni mwendo wa nusu saa. Jioni mbili twabishana, hakuna aliyekwenda kumwuliza! Jumapili baada ya ibada tulikwenda, sisi na vijana watatu. Alicheka. "Pombe itieni, wajukuu zangu, nani asiyejua? Ila siku ile ya mazishi ya bibi yenu, nilipoanguka kaburini, msiitie."

Tulirudi kimya. Njiani kijana mmoja akatoa simu yake, akatuonyesha kwamba picha ya siku ile anayo, na ya kuwa amekwisha kuwapelekea wenzake.