Mali Bila Daftari

Wasomaji wengi wamepata kusikia watu wakinena hivi: "Laiti nchi yetu ingalikuwa na mafuta ya ardhini kama nchi za Waarabu, taabu zetu zingalikwisha." Wengine huwajibu kwa lawama: "Mali isiyotokwa jasho huharibu watu." Maneno haya mawili hayapatani, na kila moja lina watu wake. Nataka tuyapime yote mawili kwa habari za nchi moja ndogo, yaani Kuwait. Watu wake si wageni kabisa kwetu. Miaka mingi majahazi ya Kuwait yalikuja na kaskazi hata Lamu, Mombasa na Unguja, yamepakia tende. Kisha yakarudi na kusi, yamejaa boriti za mikoko kutoka Rufiji, na kwa boriti hizo waliezeka nyumba zao.

Kabla ya mafuta, Kuwait ilikuwa nchi ya mchanga, haina mto. Riziki ilitoka baharini, katika biashara ya majahazi na uvuvi wa lulu. Sheikh aliyetawala hakuwa na mali nyingi ya kwake. Alitegemea ushuru wa forodha na kodi walizotoa wafanya biashara. Kwa sababu hiyo hakuweza kuwadharau. Katika mwaka 1910 Sheikh Mubarak alipowazidishia kodi, wakuu kadhaa wa biashara ya lulu, mmoja wao Hilal al-Mutairi, walitweka matanga wakahamia Bahrain. Sheikh akaona nchi itafilisika. Akaziondoa kodi, akatuma watu kuwasihi warudi. Twaona basi ya kuwa mtawala ahitajiye mkono wa watu hana budi kukisikiliza na kinywa chao.

Lakini tusiyasifu mno mambo ya kale. Wale waliodai haki kwa Sheikh hawakuwapa haki wapiga mbizi wao. Wakati wa joto kali, kwa miezi kama minne, mpiga mbizi alishuka chini ya bahari akivutwa na uzito wa jiwe, pua yake imebanwa, kisha akavutwa juu kwa kamba. Kabla ya safari alipewa fedha za kuwaachia watoto wake chakula, na msimu ulipokwisha, sehemu yake ya lulu mara nyingi haikutosha kuzilipa. Deni likaandikwa katika daftari la nahodha. Mwaka ukafuata mwaka, na alipokufa, deni likamwangukia mwanawe au ndugu yake. Jasho lilikuwapo tele, lakini haki haikuwapo. Asemaye kwamba jasho peke yake huwafanya watu kuwa wema, na amfikiri mpiga mbizi huyo.

Baada ya mwaka 1929 biashara ilianguka ulimwenguni pote, na tena Wajapani walikuwa wamevumbua njia ya kuzalisha lulu kwa kuwafuga chaza. Bei ya lulu za Ghuba ikashuka, umaskini ukazidi. Ndipo katika mwaka 1938 yakatokea mambo mawili. Mwezi wa Februari mafuta yalionekana mahali paitwapo Burgan. Na katikati ya mwaka uo huo wafanya biashara walidai wawe na baraza. Wakuu wa jamaa mashuhuri wakachagua wajumbe 14, na Abdullah al-Salim, wa ukoo wa Sheikh mwenyewe, akawa mkuu wao. Baraza likafuta baadhi ya kodi, likaanza kuchungua mapato ya nchi, hata likataka kuyasimamia malipo ya kampuni ya mafuta. Mwezi wa Desemba Sheikh Ahmad akalivunja.

Vita vya dunia vilichelewesha kazi ya visima, na shehena ya kwanza ya mafuta ilisafirishwa mwezi wa Juni 1946. Tangu hapo mtawala hakuhitaji tena ushuru wa mtu. Fedha ilitoka katika kampuni ya wageni ikaingia mkononi mwake, naye akaiteremsha kwa watu: shule, hospitali, nyumba, kazi za serikali, wala hakuna kodi ya mapato. Wafanya biashara wakatajirika, lakini sauti yao ikapungua. Mpiga mbizi akatoka utumwani mwa deni, na mwanawe akaingia shuleni. Nani atasema kwamba hiyo si neema? Lakini swali lenyewe liko hapa: mtu apewaye kila kitu, naye hatoi kitu, aweza kudai hesabu?

Wako wasemao hawezi. Asiyelipa kodi hana haki ya kuuliza. Mimi naona hawakufikiri mpaka mwisho. Mafuta yale hayakuwa mali ya Sheikh, hata tuseme aliwakirimu watu. Yalikuwa mali ya nchi, ya walio hai na ya watakaozaliwa. Amgawiaye mtu kilicho chake hakumpa sadaka; na apokeaye haki yake hana sababu ya kunyamaza. Basi haki ya kudai hesabu haitoki katika kodi tu. Hutoka katika kuwa mwenye mali. Mtawala ni wakili, na wakili huulizwa.

Abdullah al-Salim, yule mkuu wa baraza la mwaka 1938, alipata utawala mwaka 1950. Katika mwaka 1953 ikaundwa bodi huko London ya kuitunza akiba ya nchi. Mwaka 1962 akaikubali katiba, na bunge likakutana mwaka 1963. Mwaka 1976 ikawekwa sheria kwamba katika kila mwaka sehemu 10 kwa 100 ya mapato ya nchi itengwe kwa vizazi vijavyo. Faida yake ilionekana Agosti 1990, Iraq ilipoiteka Kuwait. Serikali iliyokimbia iliwatunza watu wake kwa akiba ile, na hata baada ya majeshi ya Iraq kuvitia moto visima zaidi ya 600 mwaka 1991, nchi ikajengwa tena.

Iraq nayo ilikuwa na mafuta tangu 1927, tena ina mito miwili mikubwa na watu wenye elimu. Lakini chini ya Saddam Hussein hapakuwa na mtu wa kuuliza. Fedha ya mafuta ikageuka silaha, ikaliwa na vita na Iran tangu 1980 hata 1988, kisha ikaja vita ya Kuwait. Mafuta ni yale yale. Hesabu ndiyo haikuwapo.

Wala Kuwait haijamaliza safari. Bunge limevunjwa mara nyingi, na Mei 2024 Amiri alilivunja tena, akasimamisha vifungu kadhaa vya katiba kwa muda usiozidi miaka minne. Tena zaidi ya nusu ya wakazi ni wageni, na miongoni mwao wamo binti zetu wa Afrika ya Mashariki watumikao majumbani. Ruhusa yao ya kukaa imefungwa kwa bwana wao, kama mpiga mbizi alivyofungwa kwa nahodha. Wazee walisema, "Mchumia juani hulia kivulini." Huko mmoja huchuma juani, na mwingine hula kivulini.

Kwetu nako ardhi imeanza kufunguliwa: gesi ya Songo Songo hutumika tangu 2004, mafuta yalionekana Uganda mwaka 2006 na Turkana mwaka 2012. Tusiulize tu ni kiasi gani. Tuulize daftari linashikwa na nani, na nani aruhusiwa kulifungua. Wala tusingojee visima. Katika chama cha ushirika na katika sanduku la kijiji, aombaye kuona hesabu asionekane mchokozi, na aombwaye asione ametukanwa. Kwani mali bila daftari hupotea bila habari.