Je, Kuhamisha Mchanga ni Kazi Bure?

Ndugu msomaji, lau mtu angekugongea mlango alfajiri akakwambia, "Chukua beleshi lako, twende tukahamishe kilima cha mchanga," hapana shaka ungemuuliza: kwenda wapi, na kwa faida gani? Na lau angekujibu kuwa kilima kitasogea kadiri ya upana wa kiganja tu, kisha upepo utakuja kuuvuruga mchanga huo, ungemwona ana wazimu.

Basi jambo hilo lilitendeka. Tarehe 11 Aprili 2002, huko Ventanilla, nje ya mji wa Lima katika nchi ya Peru, msanii Francis Alÿs, mzaliwa wa Ubelgiji anayeishi Meksiko, aliwakusanya watu 500 wa kujitolea, wengi wao wanafunzi wa vyuo vikuu. Walijipanga mstari mmoja, bega kwa bega, wakakipanda kilima wakichota mchanga na kuusukuma mbele, mpaka wakateremka upande wa pili. Kwa makisio, kilima kilisogea kiasi cha sentimita 10. Msanii aliiita kazi hiyo "Imani Inapohamisha Milima", na kanuni yake ilikuwa jitihada kubwa kabisa kwa matokeo madogo kabisa.

Fikra hiyo ilimjia alipofika Lima mwaka 2000, utawala wa Alberto Fujimori ukiwa katika siku zake za mwisho na watu wakiandamana barabarani. Aliona hali ile yataka tendo kubwa la watu wengi kwa pamoja.

Sasa tujiulize: je, tendo hili ni upuuzi, au lina thamani?

Wako watakaosema ni upuuzi, na hoja yao si dhaifu. Katika eneo lile waliishi maelfu ya maskini wasio na umeme wala maji ya bomba. Nguvu za watu 500, japo kwa siku moja, zingeweza kuwafaa watu wale. Na nguvu za mwanadamu ni amana. Tutaulizwa tulizitumia katika jambo gani. Nia njema peke yake haimteki mtu maji.

Lakini na tujitazame wenyewe. Tunapozika, vijana wanne wanatosha kulifukia kaburi. Mbona basi kila aliyehudhuria hutaka naye atie mchanga, hata mzee asiyeweza kuinua beleshi hutia kwa mkono wake? Mchanga wa mzee yule haupunguzi kazi. Hata hivyo, anayemzuia tungemwona hana adabu, kwani mzee hakuja kujaza shimo. Amekuja kutimiza haki ya nduguye na kuwa pamoja na wafiwa. Kwa hiyo si kila kazi hupimwa kwa kile ilichokisogeza.

Ama tofauti ipo, wala haifai kuificha. Maiti ana haki yake juu yetu. Kilima cha mchanga hakina. Kwa sababu hiyo mimi siwezi kusema kuwa kazi ya Ventanilla inalingana na kumzika Muislamu, wala na kuchimba kisima. Nasema kuwa ni somo, na somo halina thamani mpaka litumiwe.

Na somo lenyewe latuhusu sana. Ni mara ngapi tumeitwa mtaani kuzibua mtaro uliojaa takataka, unaozalisha mbu wanaowauma watoto wetu, tukasema, "Mimi mmoja nitasaidia nini?" Kila nyumba imesema hivyo, na mtaro umebaki vile vile mpaka masika yakaingiza maji machafu vyumbani. Watu 500 walikubali kuchoka juani kwa ajili ya sentimita 10 zisizomfaa mtu, nasi twakataa kutoka kwa ajili ya mtaro wetu wenyewe, kwa kuwa sehemu ya kila mmoja wetu ni ndogo!

Aliyewacheka watu wale basi ajiulize kwanza beleshi lake liko wapi. Na Ijumaa hii, baada ya sala, tukiitwa tena mtaani, tusingojee nani katangulia. Mwenyezi Mungu atujaalie tuwe miongoni mwa wanaoitika.