Jina Moja kwa Mara Moja

Ndugu wapenzi, na hasa ninyi walimu mfundishao watoto katekisimo, mtatuwia radhi mwezi huu tukianza na habari za mbwa. Twajua kwamba mbwa hasifiwi kwetu. Akiingia kanisani hutolewa kwa fimbo. Lakini Sulemani alimtuma mvivu kwa mdudu chungu akajifunze, nasi twaweza kutumwa kwa mbwa.

Huko Marekani, katika mji wa Spartanburg, alikuwako mzee aitwaye John Pilley, mwalimu wa chuo kikuu aliyekwisha kustaafu. Mwaka 2004, naye ana umri wa miaka 76, alitwaa mtoto wa mbwa jike, wa jamii ya mbwa wachungao kondoo, akamwita Chaser. Alitaka kujua kama mbwa aweza kushika majina ya vitu, kila kitu kwa jina lake. Akamfundisha miaka 3, saa 4 au 5 kila siku, hata akajua majina ya vitu 1,022: wanyama wa kitambaa 800, mipira 116, na vinginevyo. Mzee mwenyewe hakuweza kuyakumbuka yote. Ilimbidi kuandika kila jina juu ya kitu chake kwa wino. Mwalimu alisahau, mwanafunzi hakusahau!

Angalieni njia yake. Hakumwekea vitu kumi mbele na kumwuliza. Alishika kimoja, akakitaja, akamwambia akilete, akakitaja tena na tena, kisha akakificha ili kitafutwe. Kilipokwisha kushikwa, ndipo kikachanganywa na vile vya zamani. Akikileta hakupewa chakula. Alisifiwa, wakacheza pamoja. Hata alipopimwa, vitu 20 viliwekwa mahali asipoweza kumwona mwalimu, asije akaongozwa kwa jicho. Alileta 18 au zaidi pasipo kosa. Watoto wetu je? Hutazama midomo yetu, wakamalizia neno tuliloanza sisi, nasi twaandika daftarini kwamba wamejua.

Hapa ndipo tulipochomwa moyo. Zamani tulikuwa na kijana katika darasa la ubatizo. Tulimpa Amri zote kumi kwa juma moja, pamoja na maelezo yake. Tulipomwuliza, alinyamaza. Tukamwuliza tena mbele ya wenzake, wakacheka. Tukasema, Huyu kichwa chake ni jiwe. Hatukusema, Mwalimu wake amekosa. Baada ya majuma machache hakuonekana tena, nasi, twaungama, hatukumfuata, maana waliobaki walikuwa wengi, tena wepesi.

Mzee Pilley alifariki mwaka 2018, na Chaser mwaka uliofuata. Tuliposoma habari zao tulimkumbuka kijana yule, ambaye sasa ni mtu mzima, fundi wa mbao. Juzi tulikwenda kwake. Alisimama, akatupangusia kiti, akatusalimu kwa jina letu. Sisi lake tulikuwa tumelisahau, ikatubidi kumwuliza.