Usemi wa Viumbe na Amana ya Mwanadamu

Mkazi wa mtaa wa West Indies hapa Eldoret, asikiapo alfajiri sauti kali za kwarara wapitao angani, aghalabu hudhani kuwa ni kelele tupu. Lakini milio ya viumbe huweza kubeba maana: wataalamu wa tabia za wanyama, Seyfarth, Cheney na Marler, walipowasikilizisha tumbili wa mbuga ya Amboseli sauti za wenzao zilizonaswa, na mwaka 1980 wakatangaza waliyoyaona, walithibitisha kwamba mlio wa kutahadharisha juu ya chui huwapandisha mitini, wa tai huwafanya watazame juu au wakimbilie vichakani, na wa nyoka huwasimamisha kwa miguu miwili wakikagua nyasi.

Je, kunena si fadhila ya mwanadamu peke yake? Naitakidi kuwa Mola, aliyemfundisha Nabii Suleiman usemi wa ndege, hakuwanyima viumbe wengine njia ya kufahamishana. Ila binadamu amepewa, zaidi ya kuonyana hatari iliyo mbele ya macho, uwezo wa kuahidi, kutubu, kusimulia ya kale na kumshukuru Muumba kwa maneno. Tofauti hiyo si ruhusa ya kudharau, bali ni amana. Basi, ewe msomaji, usikate mti wala usirushe jiwe kabla ya kukumbuka kwamba walio matawini nao wana la kuambiana.